Isabelle Huppert: nimemkasirikia lakini nataka kumwona tena

Mwana_Katana: Bandugu, jambo. Kaka yangu aliniletea flashi yenye White Material, filamu ya Claire Denis ya 2009. Mwigizaji Mfaransa Isabelle Huppert ndiye Maria, Mzungu anayesimamia shamba la kahawa katika nchi ya Afrika isiyotajwa jina. Vita vinakaribia, wanajeshi wa Ufaransa wanapita na helikopta kumwambia aondoke, wafanyakazi wanafunga mizigo, na yeye anazunguka vijijini kutafuta watu wa kumalizia mavuno! Mimi nimekulia Katana, huku Kivu, Kongo, karibu na shamba lililoachwa na Wabelgiji, na bibi yangu alichuma kahawa humo. Nilikasirika kweli. Lakini usiku uleule nikairudia kwa sababu ya huyo mama tu. Ni nani kwenye sinema? Na nitazame ipi tena? Kifaransa nasikia.

Yaya_Nguba: Mdogo wangu, hasira yako haijapotea njia. Huppert hakuombi umpende. Waigizaji wengi wakipewa mtu mbaya hutafuta mahali pa kudondosha chozi ili tuwasamehe. Yeye hana habari. Mwaka 1977 alicheza La Dentellière, msichana mpole wa saluni, kila mtu akamhurumia. Angeweza kula kwa huruma hiyo miaka yote. Mwaka uliofuata akawa Violette Nozière, msichana wa Paris aliyewapa wazazi wake sumu mwaka 1933, baba akafa. Kisa cha kweli hicho. Tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, wakampa tuzo ya mwigizaji bora wa kike.

Aliyemwongoza humo ni Claude Chabrol, na walifanya pamoja filamu saba. Wewe anza na La Cérémonie ya 1995. Humo Huppert ni mfanyakazi wa posta kijijini, tajiri mmoja anamshuku kuwa anafungua barua zake. Anajenga urafiki na mtumishi wa nyumba ya huyo tajiri (Sandrine Bonnaire), mtumishi ambaye hajui kusoma na anaficha. Wanacheka, wanapiga soga, na wewe unaanza kuogopa bila kujua unaogopa nini. Ndiyo iliyompa César, tuzo kubwa ya sinema ya Ufaransa, kwa mara ya kwanza.

Na ukirudia White Material, mwangalie pale kwenye basi. Limejaa, naye ananing'inia kwenye ngazi ya nyuma, kamwili kadogo, gauni jepesi, kama vijana wetu nyuma ya fuso. Hasemi kitu. Hapo utaelewa huyu mtu hatoki shambani, hata umwambie nini.

Ndugu_Sinema: Yaya amesema vizuri, ila La Pianiste ya 2001 usiiweke sebuleni watoto wakiwapo. Mwalimu wa piano wa Vienna, bado analala chumba kimoja na mama yake, na mambo yake mengine sitayaandika hapa. Cannes wakamtuza mara ya pili. Elle ya 2016 nayo ni ya watu wazima. Ndiyo iliyompeleka kwenye orodha ya Oscar, akiwa na miaka 63.

Mimi ugomvi wangu ni mwingine. White Material ilipigwa Kamerun, Claire Denis mwenyewe amelelewa Afrika, na aliiandika na Marie NDiaye. Tena wana Isaach de Bankolé, mtu wa Côte d'Ivoire mwenye uso wa kujaza skrini! Wamemfanya mwasi aliyejeruhiwa, amelala, haongei karibu kitu. Vita ni vyetu, kamera inamfuata mama wa kahawa.

Yaya_Nguba: Ndugu, hapo sikupingi. Lakini hilo umuulize aliyeshika kamera.

Mwana_Katana: Aksanti sana wote. Nilimwonyesha bibi kipande cha mavuno. Kuhusu vita hakusema neno. Alisema kahawa ikishaiva haingoji mtu, na ikichumwa lazima imenywe maganda upesi, la sivyo inachacha, kwa hiyo hapo mama huyo ana haki. Kisha akauliza wachumaji wanalipwa siku gani. Yaya, La Cérémonie unayo? Nitashuka Nguba Jumamosi na flashi.