Mbwa anatembea kama korongo akivishwa viatu: ni saizi ama ni mazoezi?

Mkazi wa Lanet
Wadau, nina German Shepherd wa miaka 3, kilo 32. Mawe ya Menengai yanamchana nyayo, kwa hivyo nimemnunulia viatu vinne vya soli ya mpira, saizi moja. Nikimvisha anaganda, kisha anainua miguu juu juu kama korongo. Vya nyuma vinachomoka hata hatua kumi hazijaisha. Nibadilishe ama nimzoeshe?

Fundi Ngozi
Vyote viwili, ila anza na saizi. Nyayo za mbele za mbwa wengi ni pana kuliko za nyuma, ndiyo maana vya nyuma vinachomoka. Msimamishe juu ya karatasi, mtu ainue mguu wa pili ili uzito uangukie ule unaopimwa na vidole vitanuke. Kalamu ikiwa wima, tia alama kushoto na kulia, upime kati yake kwa milimita. Ukipima mguu unaoning'inia, kiatu kitambana. Kamba ikae pale mguu unapokonda, kidole chako kimoja kipite chini yake. Ikigusa ule ukucha wa juu usiofika chini, mvishe soksi ya mtoto kwanza, la sivyo atachubuka. Kucha nazo zikatwe. Zikiwa ndefu zinakisukuma kiatu mpaka kinazunguka.

Mkufunzi Milimani
Sasa mazoezi. Mbwa husoma ardhi kwa nyayo. Ukizifunika zote mara moja, hajui anakanyaga nini. Siku mbili za mwanzo anuse kiatu tu, apewe omena (waliochemshwa bila chumvi). Kisha mguu mmoja wa mbele, sekunde tano, omena, vua kabla hajaanza kukitafuna. Mlio wa kamba ya kunata huwashtua wengine, kwa hivyo ifungue na kuifunga mbali kidogo akiwa anakula. Asipouvuta mguu tena, ongeza wa pili, halafu yote minne. Hapo usimwache asimame: rusha omena nyasini mita moja mbele yake. Pua ikishuka kutafuta, miguu inajipanga yenyewe. Dakika 2, kesho 5, halafu 10. Wengi huzoea ndani ya wiki mbili. Na watoto wasimcheke!

Mkazi wa Lanet
Asante sana. Je, naweza kumwachia viatu miguuni mchana kutwa?

Jirani wa Dunga
Hapana, ndugu. Mbwa hutoa jasho kwenye nyayo, na kiatu hulifungia ndani. Mkipumzika vua, uangalie katikati ya vidole kama kuna wekundu, uvimbe au harufu. Huku Kisumu viatu vina kazi kwenye lami ya saa nane mchana: weka mgongo wa mkono hapo sekunde 7, ukishindwa, hata yeye ataungua. Kwenye nyasi havihitajiki. Ukiona doa jeusi lenye duara jeupe unyayoni, huenda ni funza. Mpeleke kwa daktari wa mifugo, usilifunike kwa kiatu. Na akiinua mguu mmoja tu huku mitatu ikienda sawa, huyo si korongo tena. Vua, utafute mwiba au kokoto.