Superstore: wenzangu wa dukani mnaionaje?

Kaunta ya Pili: Wakuu, niko supamaketi moja hapa Mwanjelwa. Usiku naangalia Superstore, ile tamthilia ya vichekesho ya wafanyakazi wa duka la Cloud 9 kule St. Louis, Marekani. Hadithi siifuatilii sana. Vinanimaliza vile vipande vifupi vya vituko vya wateja. Hata hapa kwetu, jana mama kafungua mtindi, kaonja kwa kidole, kaurudisha kwenye friji. “Mchachu,” kasema, huyoo kaondoka zake!

Dada wa Iringa: 😂 Nimemaliza misimu yote 6, 2015 hadi 2021. Ule wa mwisho, wa korona na barakoa, usiuruke.

Mzee wa Uyole: Mtindi kalipa nani?

Kaunta ya Pili: Mimi, Mzee. Nikaunywa na chapati. Kweli mchachu.