Queen ya 24/96 niliyouziwa imechakachuliwa!

Wakuu, nimeuziwa mbuzi kwenye gunia.

Juzi nimenunua albamu ya Greatest Hits ya Queen, bendi ya roki ya Uingereza, ile ya 1981 yenye nyimbo 17, kwenye duka moja la mtandaoni. Tangazo lao: FLAC (faili la muziki lisilopunguza ubora), biti 24, kHz 96 yaani sampuli 96,000 kwa sekunde, "moja kwa moja kutoka tepu ya studio". Bei karibu mara mbili ya ile ya ubora wa CD. Nikajikaza. GB moja na ushee ya bando ikaenda usiku uleule.

Navaa hedifoni, naweka Bohemian Rhapsody, mbona ni ileile ya CD yangu ya siku zote? Nikasema labda masikio yamezeeka. Nikalifungua faili kwenye Spek, programu inayoonyesha kwa rangi masafa ya sauti yaliyomo kwenye faili. Jamani! Rangi zinapanda vizuri hadi kHz 22, halafu zinakatika kama zimepigwa rula. Kutoka hapo hadi 48, mwisho wa faili la kHz 96, ni giza tupu.

CD inachukua sampuli 44,100 kwa sekunde, na sauti ya juu kabisa inayoweza kubeba ni nusu ya hapo, kwa hiyo mwisho wake ni kHz 22.05. Tepu haina ukuta wa hivyo. Mvumo wake unavuka hapo na kufifia taratibu. Maana yake jamaa wamechukua CD, wakaipanua kwa programu, wakabandika lebo mpya. Ni mafuta ya taa kwenye dizeli.

Na asije mtu kuniambia binadamu hasikii zaidi ya kHz 20. Najua, na kwa umri wangu hata 15 ni bahati. Ningetaka CD si ninayo? Nililipia tepu! Mwaka 1975, wakirekodi Bohemian Rhapsody, Queen walirundika sauti juu ya sauti hadi, kwa simulizi ya mpiga gitaa wao Brian May mwenyewe, tepu ikachakaa ukiiinua unaona mwanga upande wa pili. Jasho lote hilo la mwimbaji wao Freddie Mercury, mzaliwa wa Mji Mkongwe, na wenzake, leo mtu analipitisha kwenye kompyuta dakika mbili ananitoza bei ya tepu.

Nimewaandikia na picha nikaambatanisha. Jibu: faili likishapakuliwa pesa hairudi. Picha hata hawakuigusia.

Mwenye albamu hii aliyoinunua kwingine aipitishe kwenye Spek aweke picha hapa, tuone nani anauza tepu ya kweli. Na wasimamizi, msiuhamishie uzi huu jukwaa la burudani. Huu ni wizi.