Mwandishi wa komedi ya TV au prodakshen meneja, kipi kina maisha marefu?

Kijana_wa_Sinza: Wakuu habari za saa hizi. Kampuni moja hapa Dar inatengeneza komedi ya kila wiki, wamenipa nichague, niwe mwandishi nilipwe kwa episodi au prodakshen meneja kwa mshahara wa mwezi. Kuandika nakupenda toka moyoni ila mtoto anaanza shule mwakani. Nishaurini.

Mama_Lokesheni: Mdogo wangu hiyo ya pili nimeifanya miaka mingi. Watu wanadhani ni kushika bajeti tu, wewe ndo unajua jenereta iko wapi, nani anamfuata msanii Mbagala, kibali cha kushuti barabarani kimetoka au bado, watu wanakula saa ngapi, na mvua ikishuka saa nne asubuhi unatakiwa uwe ushajua sini gani ya ndani mnaivuta mbele siku isiende bure. Inachosha kwelikweli lakini kazi haikosekani, komedi ikifa unahamia tamthilia au matangazo. Mwandishi kipindi kikikatwa na yeye kakatika.

Kalamu_Ilala: Hapo mama sikubaliani. Kumbuka wale jamaa wa Ze Comedy, walipotoka EATV kwenda TBC wakawa Orijino Komedi na watazamaji wakawafuata hukohuko, maana watu walipenda vichekesho vyao, siyo jina wala stesheni. Anayebuni ndo mwenye mali. Ila soma mkataba, haki za wahusika uliowabuni zinabaki kwa nani? Wengi wanasaini bila kuangalia hapo, inauma sana.

Msee_wa_SouthB: Hapa Kenya XYZ Show ya mchora katuni Gado ilianza 2009, ile ya vikaragosi vya wanasiasa. Sasa fikiria, mambo ya siasa yanabadilika kila siku so skripti haiwezi kukaa, na ukiandika mwanasiasa mpya lazima kikaragosi chake kitengenezwe na mtu wa kukichezesha apatikane. Kwa hivyo mwandishi asiyejua bei ya kitu anasumbua watu. Anza umeneja bro, ukishajua sini ya sokoni inakula pesa ngapi utaandika za jikoni, watu wawili na sufuria, na zichekeshe vilevile.

Kijana_wa_Sinza: Nawashukuru sana. Nikichukua umeneja halafu niombe niwe naandika episodi mojamoja, watakubali?

Mama_Lokesheni: Waombe, inawezekana, kampuni ndogo mtu mmoja anafanya mawili. Ila siku ya kushuti usiguse skripti hata kidogo, akili yako iwe kwenye ratiba. Na malipo ya kuandika yakae nje ya mshahara, kwa maandishi, pamoja na jina lako kwenye orodha ya mwisho wa kipindi kama mwandishi. Wakikwambia "tutaelewana mbele ya safari" usianze kuwaandikia.