Kampuni ya vyakula vya haraka inataka kuingia shuleni: niwaambie nini wazazi wenzangu Alhamisi?

Mkaangaji_wa_Zamani

Wakubwa shikamooni, wadogo habari zenu. Naomba mnisaidie kufikiri, maana nina siku nne tu.

Mimi ni mjumbe wa kamati ya wazazi katika shule ya binti yangu. Wiki iliyopita mwenyekiti alitusomea barua ya kampuni moja ya vyakula vya haraka. Wako tayari kututengenezea upya uwanja wa michezo, nyasi na magoli, bila sisi kutoa hata senti. Wanachoomba ni kibanda ndani ya uzio wa shule cha kuuzia baga, chipsi na soda wakati wa mapumziko ya mchana, jina lao kwenye jezi za timu, na kila mtoto atakayeingia kumi bora apewe kuponi ya mlo wa bure. Wazazi wengi walipiga makofi. Mwenyekiti, ambaye namheshimu, alisema: watoto watakula kwa bei ndogo, vijana watapata ajira, uwanja tutapata, tunapoteza nini?

Nilikaa kimya. Ukimya ule umeninyima usingizi, kwa sababu mle ukumbini pengine ni mimi peke yangu niliyewahi kusimama nyuma ya kaunta ya namna hiyo. Nilikaanga chipsi miaka minne katika mgahawa wenye matawi mengi. Jina silitaji.

Niwaeleze kazi ilivyokuwa. Viazi vinaletwa vimeshamenywa, vimekatwa, vimekaangwa nusu na kugandishwa. Unavimimina kwenye kikapu, unakizamisha kwenye mafuta, unabonyeza kitufe. Mashine ikilia unanyanyua. Hata chumvi ina kopo lake linalotoa kipimo kilekile kila ukilitikisa. Hakuna anayeonja. Miaka minne jikoni, na nilitoka sijui kukaanga kitunguu kikaiva vizuri. Ukutani kulikuwa na skrini inayohesabu sekunde tangu mteja aagize: kijani, njano, halafu nyekundu. Mpaka leo mashine ya kufulia ikilia nyumbani nashtuka, mkono unatafuta kikapu.

Malipo yalikuwa kwa saa. Wateja wakipungua meneja anakuambia nenda nyumbani, na saa zilizobaki hazilipwi, wakati nauli umeshaitumia. Kuna mwezi nilimkopa dada yangu ili nilipe kodi ya chumba, na mwezi huohuo nilikuwa kazini siku sita kwa wiki. Chakula changu kilikuwa kilekile ninachokaanga, kwa sababu tuliuziwa nusu bei na mapumziko hayakutosha kwenda kutafuta kingine. Niliongezeka kilo 14. Nilipoacha kazi presha ilikuwa imeshapanda, na vidonge nanunua mwenyewe hadi leo.

Ninachotaka kusema mbele ya wazazi ni hiki: bei ile ni ndogo kwa sababu sehemu ya gharama imetolewa pale kaunta na kubebeshwa mtu mwingine. Kwangu mimi aliyeibeba ni dada yangu na mwili wangu. Lakini nikisimama na habari hiyo tu, nitaambiwa nina kinyongo na mwajiri wangu wa zamani. Je, yaliyonipata ni bahati yangu mbaya, au biashara yenyewe ndivyo ilivyojengwa? Na nchi nyingine zimefanya nini kuhusu shule? Sitafuti maneno ya kuwatukana watu. Nipeni kitu ninachoweza kusimama nacho.

Nesi_wa_Vidonda

Kaka, pole na presha. Kazi yangu ni kusafisha na kufunga vidonda vya miguu kwenye kliniki ya kisukari, kwa hiyo nitasema upande ninaouona.

Watu wakisikia gharama ya ugonjwa wanafikiria dawa. Dawa ni sehemu ndogo. Nina mgonjwa dereva, hajafika miaka 40, tumeshamkata vidole viwili vya mguu wa kulia. Siku akija kliniki hafanyi kazi. Mke wake anamsindikiza, naye anapoteza siku. Mtoto wao wa kwanza anabaki nyumbani kuangalia wadogo zake, darasani hayupo. Nimemfunga bandeji mara mbili kwa wiki tangu mwaka uanze. Hesabu siku hizo zote za watu watatu, halafu niambie kama mlo wa mchana aliokuwa akila ndani ya gari ulikuwa rahisi.

Alhamisi wapo watakaosema tatizo ni nidhamu, kwamba mtoto aliyelelewa vizuri atajizuia. Wajibu hivi. Mwaka 2019 mtafiti Kevin Hall na wenzake wa taasisi za taifa za afya za Marekani waliwaweka watu wazima 20 hospitalini kwa wiki nne. Wiki mbili walilishwa vyakula vilivyosindikwa kupita kiasi, wiki mbili vyakula vilivyopikwa kutokana na viambato vya kawaida. Milo iliyotengwa mezani ililingana kwa kalori, sukari, mafuta, chumvi na nyuzinyuzi, na kila mtu aliruhusiwa kula anavyotaka. Kwenye vyakula vya kiwandani walikula kalori 500 hivi zaidi kila siku na wakaongezeka karibu kilo moja. Kwenye vile vingine wakapungua kiasi hichohicho. Watu walewale, nidhamu ileile! Walikuwa pia wakila haraka zaidi, maana chakula laini hakidai kutafunwa, na tumbo linachelewa kusema basi.

Kama watataka tarakimu kubwa: shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, FAO, lilikadiria mwaka 2023 kwamba gharama zilizofichika za mifumo ya chakula duniani zinapita dola trilioni 10 kwa mwaka, na sehemu kubwa kuliko zote inatokana na ulaji usiofaa: magonjwa, na nguvu kazi inayopotea. Mimi nikisoma hivyo namwona yule dereva na mtoto wake.

Mama_Pacha

Kaka yangu, na wewe dada nesi, nawaheshimu. Naomba nitofautiane kidogo.

Natoka kazini saa kumi na mbili jioni, nafika nyumbani saa moja na nusu. Nina mapacha wa miaka tisa. Kuosha, kumenya, kukata, kupika mpaka sahani zifike mezani ni dakika 40 nikikimbia, halafu kuna vyombo. Wakati huo mmoja analia kwa njaa na mwingine ameshalala kwenye kochi na viatu. Jioni tatu kwa wiki nanunua cha haraka. Najua kinachosemwa nyuma yangu, kwamba wanawake wa siku hizi hawapiki. Maneno hayo yananiuma, kwa sababu aliyechukua zile dakika 40 ni mwajiri wangu na barabara, na hakuna aliyewahi kumsema.

Halafu utafiti huohuo aliousimulia dada nesi umeandika jambo jingine ambalo watu hulipita. Viambato vya milo ya kiwandani viligharimu dola 106 kwa wiki kwa mtu anayekula kalori 2,000 kwa siku, na vya milo ya kawaida dola 151. Kwa hiyo ukimwambia mzazi mwenye kipato kidogo kwamba anachagua vibaya, yeye anajua amepiga hesabu sawasawa.

Ombi langu: usiende Alhamisi na hapana tupu. Kibanda kikikataliwa, saa sita mchana watoto wangu watakula nini? Kama jibu ni "wazazi wafunge chakula nyumbani", umenirudishia mimi zile dakika 40, tena asubuhi kabla ya jua kuchomoza.

Mkaangaji_wa_Zamani

Mama Pacha, nimesoma jibu lako mara tatu. Kusema kweli nilikuwa naenda na hapana tupu. Na yale makofi ya wazazi nilikuwa nayaona kama ujinga, kumbe wengi wao wamechoka kama wewe. Asante kwa kunisimamisha.

Mfugaji_wa_Mkataba

Ndugu, kwenye baga na chipsi kuna kuku pia, na kuku hao pengine wamepita kwa mtu kama mimi.

Nafuga kwa mkataba. Kampuni inaniletea vifaranga, chakula chao na dawa. Vyote hivyo ni mali yao, na kuku wakishakua ni wao pia. Vyangu ni mabanda, deni la benki lililojenga mabanda hayo, bili ya umeme, mbolea, na kuku wanaokufa. Kuku anafikisha uzito wa kuchinjwa kwa wiki sita hivi. Anakua kifua kuliko miguu inavyoweza kumbeba; siku za mwisho wengine wanakaa tu. Nimezoea mambo mengi lakini hilo sijalizoea.

Malipo hupangwa kwa kutulinganisha wafugaji. Aliyetumia chakula kidogo kupata nyama nyingi analipwa zaidi, na nyongeza yake inatoka kwa aliyeshika mkia. Vifaranga wakija dhaifu au chakula kikawa kibaya, anayeshuka ni mimi, ingawa sikuchagua chochote kati ya hivyo. Jirani yangu, tuliyekuwa tukisaidiana kukamata kuku usiku, sasa ni mshindani wangu. Tunasalimiana kwa mbali. Baadaye kampuni ikataka feni mpya, nikaongeza deni. Ningekataa wasingeleta vifaranga, na banda la kuku halina matumizi mengine.

Umeuliza kama ni bahati yako tu. Wewe ulirudishwa nyumbani bila malipo wateja wakipungua. Mimi mahitaji yakipungua wanachelewesha vifaranga, mabanda yanakaa matupu wiki kadhaa na benki haichelewi hata siku moja. Sijawahi kukuona, lakini tumetendewa kitu kimoja.

Karani_wa_Takwimu

Kuhusu biashara kujengwa hivyo: ndiyo, na mwanzo wake una mwaka na mahali. Mwaka 1948 ndugu wawili, Richard na Maurice McDonald, waliufunga mgahawa wao wa San Bernardino, California, uliokuwa ukiwaingizia pesa nzuri, wakaupanga upya. Waliwaondoa wahudumu waliopeleka chakula kwenye magari, wakafuta vyakula vingi wakabakiza tisa, sahani na uma vikatupwa zikaja karatasi, na kila mfanyakazi akapewa kitendo kimoja cha kurudia. Baga ikauzwa senti 15. Ubunifu wao ulikuwa mkubwa, sina sababu ya kuuficha. Lakini kile unachokisimulia wewe, kutoka jikoni bila kujua kukaanga kitunguu, ndicho kilichoifanya kazi ile iweze kulipwa kidogo.

Kuhusu anayefidia mshahara: mwaka 2020 ofisi ya ukaguzi ya Bunge la Marekani, GAO, iliwachunguza watu wazima wenye ajira wanaopokea msaada wa chakula au bima ya afya ya serikali. Asilimia 70 hivi walikuwa wakifanya kazi saa 35 au zaidi kwa wiki, na migahawa ni miongoni mwa sekta zilizowaajiri wengi wao. Mlipakodi anamalizia mshahara ambao mwajiri ameuacha nusu, hata kama hajawahi kuonja baga.

Kuhusu shule: sheria ya Chile iliyoanza kutumika mwaka 2016 iliweka alama nyeusi ya pembe nane kwenye vifurushi vyenye sukari, chumvi, mafuta au kalori kupita kiasi, na chochote chenye alama hiyo hakiuzwi shuleni. Mexico, ambayo tangu 2014 inatoza ushuru vinywaji vyenye sukari, ilipiga marufuku vyakula hivyo shuleni Machi 2025. Uingereza ilianza kutoza ushuru wa soda Aprili 2018, na viwanda vingi vilipunguza sukari hata kabla ya siku hiyo kufika. Hilo la mwisho liseme kwa sauti. Walikuwa wakiweza kupunguza muda wote ule.

Mkaangaji_wa_Zamani

Nimeandika haya kwenye karatasi moja na nitaisoma hivyohivyo, maana nikianza kuongea bila karatasi nitatetemeka.

Nitaanza na dakika 40 za Mama Pacha, nimeshamwomba ruhusa kwa ujumbe. Mwenye kuchoka akisikia kwamba ninajua amechoka, labda atanisikiliza yanayofuata. Halafu dereva, halafu mfugaji, halafu mkono wangu wenye alama za mafuta, nitakunja shati wauone. Tarakimu nitaziacha kwa atakayeuliza.

Pendekezo langu: kibanda tukikatae na kuponi tuzikatae. Badala yake shule iwe na jiko lake na wapishi wawili au watatu walioajiriwa kwa mshahara wa mwezi, na kila mzazi achangie kiasi kile ambacho mtoto angetumia kibandani. Jana jioni nilikaa na mhasibu wa shule tukapiga hesabu. Inatosha kwa chakula na mishahara, ila uwanja hautapatikana mwaka huu. Hilo nitalisema wazi, sitalificha, ingawa binti yangu anacheza winga wa kulia na ndiye atakayeniuliza wa kwanza nikirudi nyumbani.