Ghala la watu 60 Shimanzi: kuajiri wenye ulemavu na kumrudisha aliyepata kiharusi, nianze na lipi?

MsimamiziShimanzi
Assalam aleikum nyote. Ghala letu la Shimanzi, Mombasa, lina wafanyakazi 60 kamili. Sheria ya Watu Wanaoishi na Ulemavu ya 2025 inamtaka mwajiri mwenye watu 20 au zaidi atenge angalau asilimia 5 ya nafasi, yaani watu 3 kwetu. Watatu wenye uwezo wamepatikana: kijana kiziwi wa kupakia, karani wa stakabadhi anayetumia kiti cha magurudumu (mkaazi wa Likoni), na kijana mwenye kifafa wa kufunga katoni. Karani atalipwa 45,000 kwa mwezi, wale wawili 22,000 kila mmoja.

Maswali yangu:
1. Karatasi za Baraza la wenye ulemavu na za KRA (mamlaka ya kodi) zifuatane vipi, na kampuni inapata nafuu gani ya kodi?
2. Nyumbani kwa kijana wa kifafa wanapokea 2,000 kwa mwezi za Inua Jamii (msaada wa fedha wa serikali) kwa ajili ya dada yake asiyeinuka kitandani. Mama anahofia zitakatwa mwana akiandikwa kazi, na anamshauri aikatae.
3. Jengo nibadilishe nini kwanza? Mlangoni pana kidato cha sentimita 18.
4. Kando na hao, mtunza bohari wetu alipata kiharusi miezi miwili iliyopita. Mkono wa kushoto hauna nguvu na maneno yanamtoka polepole. Wakubwa wanataka kumwachisha kazi mwezi huu.

Hesabu_Makadara
Nianze na la kwanza, maana mpangilio ukikosewa karani ndiye atakayeumia mfukoni.

Mlango wa kwanza ni hospitali ya serikali iliyoidhinishwa kufanya tathmini ya ulemavu. Mtu huonwa na kamati, si daktari mmoja, na kamati haiketi kila siku, kwa hiyo ulizeni siku yake mapema. Ripoti ikitoka, usajili wa Baraza la Kitaifa la Watu Wanaoishi na Ulemavu hufanywa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali. Hapo linganisheni majina herufi kwa herufi: kitambulisho, ripoti na PIN (namba ya mlipakodi). Ukikuta "Mwanaisha" huku na "Mwana Isha" kule, maombi hayasongi.

Baada ya Baraza ndipo KRA, kwa cheti cha msamaha wa kodi ya mapato. Msamaha unafunika 150,000 za kwanza za mapato ya mwezi. Maombi hupitia iTax, tovuti ya KRA, na mwajiri anatakiwa kuandika barua inayoeleza aina ya ulemavu na jinsi unavyoathiri utendaji kazini. Barua hii ndiyo inayokwamisha wengi. Ukiandika "ni mfanyakazi hodari na hana tatizo lolote" umemsifu, lakini umemnyima cheti. Andika yanayomkabili kweli: muda wa ziada wa kufika, shughuli asizoweza bila msaada, vifaa anavyohitaji.

Kizingiti kingine ni PIN iliyolala. Mtu aliichukua zamani akitafuta kazi, hakuwasilisha ritani (taarifa ya mapato ya mwaka) hata moja, akidhani asiye na kipato hadaiwi ritani. Kumbe inadaiwa hata ikiwa ni ya sufuri, kila mwaka kabla ya Juni 30 kupita, na faini kwa mtu binafsi ni 2,000 kwa mwaka ulioachwa. Bila kusafisha hayo hapati cheti cha kuzingatia kodi, na bila hicho ombi la msamaha halisimami. Kagueni PIN zote tatu wiki hii.

Sasa hesabu yenyewe. Wale wa 22,000 hawana haja ya kukimbilia cheti: kwenye kiwango hicho PAYE (kodi inayokatwa kwenye mshahara) ni asilimia 10, na nafuu ya kila mwezi ya 2,400 inaimeza yote. Anayehitaji haraka ni karani. Kwa viwango vya 2025, baada ya kutoa NSSF (akiba ya uzeeni), SHIF (bima ya afya) na tozo ya nyumba, PAYE ya 45,000 ni takriban 4,500 kwa mwezi. Cheti kikichelewa miezi mitatu, hiyo ni 13,500 aliyokatwa, na kudai marejesho ni safari nyingine ndefu. Kikipatikana, usikiweke kwenye droo. Nakala ifike kwa anayeandaa mishahara kabla hajafunga mwezi, na tarehe ya kuisha iandikwe ukutani. Msamaha huo ni wa PAYE tu. SHIF ya asilimia 2.75 na NSSF bado zinakatwa, na ritani ya mwaka bado inadaiwa.

Kuhusu kampuni: Sheria ya 2003, kifungu cha 16, ilimruhusu mwajiri binafsi kuomba kupunguza mapato yanayotozwa kodi kwa asilimia 25 ya mishahara ya wafanyakazi hawa, pamoja na asilimia 50 ya gharama za moja kwa moja za kurekebisha jengo. Sheria ya 2025 imechukua mahali pake, kwa hiyo mshauri wako wa kodi anukuu kifungu cha sheria mpya. Wakubwa wako waelewe kwamba huku ni kupunguza mapato ya kodi, hakuna pesa inayorudishwa mkononi. Mishahara ya watatu ni 1,068,000 kwa mwaka. Robo yake ni 267,000. Kwa kodi ya kampuni ya asilimia 30, kinachookolewa ni 80,100. Masharti ya 2003 yalikuwa uthibitisho wa Wizara ya Kazi na usajili wa mfanyakazi kwa Baraza, basi nyaraka hizo wekeni tangu siku ya kwanza.

UstawiKisauni
La Inua Jamii. Msimamizi, mwambie yule mama asimkatalie mwana kazi kwa ajili ya 2,000.

Fedha hizo haziko kwa jina la kijana. Ni za mpango wa wenye ulemavu mkubwa, wale wanaohitaji mtu wa kuwatunza muda wote, na hupokelewa na mtunzaji kwa niaba yao. Hofu ya mama ina msingi kidogo, kwa sababu vigezo vinatazama umaskini wa kaya pamoja na ulemavu wenyewe. Lakini linganisheni: 22,000 kwa mwezi dhidi ya 2,000. Hata zikikatwa zote kaya inabaki juu kwa 20,000, ukiondoa nauli na makato.

Cha kuulizana nyumbani ni nani atamgeuza dada kitandani saa nne asubuhi. Kama kijana ndiye aliyekuwa akimwinua dada ili mama asiumie mgongo, zamu yake ipangwe kwa kulijua hilo. Asiyeinuka kitandani hugeuzwa takriban kila saa mbili ili asipate vidonda vya mgandamizo, na kidonda kimoja cha nyonga kinaweza kula mshahara wa miezi.

Wasifiche ajira. Waende kwa afisa wa ustawi wa jamii wa kaunti ndogo wakiwa na kitambulisho cha mtunzaji, kadi ya Baraza ya dada na barua ya kazi ya kijana, waeleze hali, waombe maelezo yao yaandikwe kwenye faili. Kama ni kazi ya majaribio ya miezi mitatu, barua iseme hivyo waziwazi, ili isisomwe kama kipato cha kudumu.

Na hapa nasema wazi: huu ndio upande wa mpango unaohitaji kurekebishwa. Gharama ya ulemavu (nepi, dawa, tuktuk ya kliniki) imefungwa kapu moja na msaada wa umaskini. Mwana akipata kazi, dada haachi kuhitaji nepi. Zingetenganishwa, ile ya ulemavu ikabaki na ile ya umaskini ikapungua kidogo kidogo kipato kikipanda, hakuna mama ambaye angemwogopesha mwanawe na barua ya ajira.

FundiRampu
Kidato cha sentimita 18: uwiano wa rampu ni 1 kwa 12, kwa hiyo urefu ni 18 × 12 = sentimita 216, mita mbili na kitu. Usikubali fundi akufanyie mita moja "kwa kuwa nafasi ni ndogo". Kwa mita moja kiti kinapindukia nyuma mtu akijisukuma mwenyewe. Upana usipungue sentimita 120, na juu pawe na sehemu tambarare ya mita 1.5 kwa 1.5 ili afungue mlango bila kuteremka kinyumenyume. Pembeni weka ukingo wa sentimita 10 gurudumu lisitoke.

Kwa pwani yetu tumia zege, si bati la chuma. Chumvi inalila bati, na likilowa linateleza. Zege likianza kushika, lipitishie ufagio mgumu kwa kukingama na mteremko, mistari ikae. Mafundi wengi hulisugua likang'aa wakidhani ndiyo kazi safi, na mvua ya masika ikinyesha hapapitiki.

Choo: mlango wenye uwazi wa sentimita 90 unaofunguka nje, na ndani nafasi ya kuzungusha kiti, mita 1.5. Meza ya karani: uwazi wa magoti sentimita 70, na ondoa ile droo ya katikati.

Sasa usafiri, ambao wengi husahau. Anayevuka Likoni kwa feri hukutana na mteremko mkali zaidi maji yakipwa, na majira ya maji husogea kila siku. Ukimwandika saa kumi na mbili asubuhi na kumpiga faini ya kuchelewa, umemfukuza kwa njia ya mzunguko. Mwandike saa mbili asubuhi, na muda wa kutoka usogee vilevile.

Kijana kiziwi hatasikia king'ora cha foklifti ikirudi nyuma. Paka njia ya miguu rangi ya manjano, weka kioo kilichobinuka kwenye kona, foklifti ifungwe taa ya kumulika sakafuni, na kengele ya moto iwe na taa inayowaka na kuzima. Siku ya mahojiano na ya mafunzo ya usalama lipia mkalimani wa Lugha ya Ishara ya Kenya. Kuandikiana kwenye karatasi hakutoshi: kwa wengi wao Kiswahili cha kuandika ni lugha ya pili.

Mwenye kifafa: asipande ngazi, asiendeshe foklifti, asikae kwenye mashine ya kukata isiyo na kinga. Kufunga katoni mezani ni sawa kabisa. Zamu ya usiku mwondolee, kukosa usingizi huchochea kifafa. Wenzake wafundishwe: wamlaze ubavu, waondoe vitu vigumu karibu naye, wasimtie kijiko wala kidole mdomoni, watazame saa. Ikipita dakika 5, hospitali.

MsimamiziShimanzi
Nashukuru sana. Rampu nimeshaipimia nafasi, inaingia. Limebaki la mtunza bohari, na mkutano wa wakubwa ni Alhamisi.

Kifungu41
Basi mkutano huo usitoe uamuzi wa kumwachisha. Kwanza la kitabibu: nafuu kubwa ya kiharusi huja miezi mitatu hadi sita ya mwanzo. Kumpima kwa miezi miwili ni kumpima akiwa katikati ya kupona.

La kisheria, Sheria ya Ajira ya 2007. Kifungu cha 30 kinampa, baada ya miezi miwili ya utumishi, angalau siku 7 za ugonjwa kwa mshahara kamili na 7 kwa nusu. Hicho ni kiwango cha chini. Tazameni mkataba wa chama cha wafanyakazi, mara nyingi unatoa zaidi. Siku hizo kwisha si ruhusa ya kumfuta. Kifungu cha 46 kinasema ulemavu si sababu halali ya kuachisha. Na cha 41 kinataka, hata pale sababu ni kutoweza kimwili, aelezwe kwa lugha anayoielewa, mwenzake au mwakilishi wa chama akiwepo, na asikilizwe. Kwa mtu ambaye maneno yanamtoka polepole, kumsikiliza ni kumpa maswali kwa maandishi siku kadhaa kabla, swali moja kwa sentensi moja, na kikao kisicho na kelele. Mkimkatisha kila anapotafuta neno, mahakama haitaona kwamba alisikilizwa. Akiachishwa, ana miezi 3 tangu siku hiyo ya kulalamika kwa afisa wa kazi.

Mnachoweza kupeleka Alhamisi ni pendekezo la kurudi kwa hatua. Ripoti ya daktari ijibu mambo matatu: anaweza nini, hawezi nini, atapimwa tena lini. Aanze saa 4 kwa siku, asubuhi, maana uchovu wa kiharusi huzidi mchana. Hesabu ya mali kwa kompyuta anaiweza kwa mkono mmoja. Kubeba na kupanda ghorofa ya bohari apewe mwingine. Malipo na saa za kipindi hicho ziandikwe na akubali kwanza, kwa sababu kifungu cha 10 kinataka mabadiliko ya masharti yajadiliwe naye na kuandikwa.

Na mtu asimsukume kuchukua malipo ya ulemavu ya NSSF. Hayo ni ya aliyeshindwa kazi moja kwa moja, na akiyachukua amekula akiba ya uzeeni.

MsimamiziShimanzi
Kiharusi kilimpata akiwa zamuni. Hilo linaingia WIBA, sheria ya fidia kwa wanaoumia kazini?

Kifungu41
Kutokea zamuni peke yake hakutoshi. Lazima kiwe kimetokana na kazi. Lakini wewe usiwe hakimu. Akitoa taarifa, au mwajiri akipata kujua, mwajiri ana siku 7 za kumwarifu Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini, na dai lina miezi 12 tangu tukio. Jaza fomu, ambatanisha ratiba ya zamu zake za wiki nne kabla na saa za ziada alizofanya, Mkurugenzi aamue. Miezi miwili imeshakwenda, peleka kabla ya hiyo Alhamisi.