Tupeane uzoefu: kile kidude cha ukutani, alamu ya moshi au gesi, kilipolia usiku, ulifanya nini?

Mkwe wa Kondoa:
Mbukwenyi wana Dodoma. Baridi la Juni limeshaingia, na mwaka jana msimu kama huu nusura tuzike.

Tulikuwa tumepanga Ilazo. Mwenye nyumba aliishi Uingereza miaka mingi, akafunga vidude viwili: kimoja darini kwenye koridoo, kingine ukutani chumbani. Sisi tuliviona mapambo tu. Usiku mmoja upepo unakata, mama mkwe amekuja kutusalimia, tukamwingizia jiko la mkaa apate joto. Mkaa ulishashika, mwekundu, hautoi moshi hata chembe. Saa saba usiku kile cha ukutani kikaanza: pii-pii-pii-pii, kimya, pii-pii-pii-pii, kimya. Nikajua betri. Nikakibandua, nikakizungushia kanga, nikakitia kabatini. Kikawa kinalia humo humo kabatini!

Mama ndiye aliyetuamsha. Alitaka kwenda msalani, akaanguka mlangoni, anasema kichwa kinapasuka na miguu haimbebi. Tukambeba hadi uani, milango yote wazi, tukatafuta bajaji. Hospitali akawekewa oksijeni. Asubuhi ndiyo nikakigeuza kidude nikasoma maandishi ya nyuma: milio minne, kimya, ni gesi ya kaboni monoksaidi. Kile cha darini ni cha moshi, chenyewe hulia mara tatu tatu. Kilikuwa kimya kwa sababu moshi haukuwepo.

Nani mwingine yamemkuta? Semeni, kuna mtu atapona kwa kusoma hapa.

Fundi Nkuhungu:
Pole sana dada. Mimi naitwa zaidi kwa ule mlio mmoja mfupi, "tii", halafu kimya karibu dakika nzima, "tii" tena. Kuna mzee Kisasa alihamisha makabati siku tatu akitafuta nyenje. Huo ndio wa betri kuisha, na mara nyingi huanza alfajiri, kwa sababu baridi huipunguzia betri nguvu. Ukibadilisha betri na bado kinalia hivyo, tazama tarehe ya kutengenezwa. Cha moshi ni miaka 10, cha gesi kati ya 5 na 10 kutegemea aliyekitengeneza. Kikipita hapo, nunua kingine.

Mfugaji Nzuguni:
Sisi hatuna alamu. Tuna vifaranga.
Nilikuwa na vifaranga 200 vya siku tisa, joto natumia chungu cha mkaa, na mimi nalala chumba hicho hicho nivichunge. Niliziba madirisha kwa maturubai, upepo usiingie. Usiku nikaona vimelala vimefungua midomo, vingine vimeshatulia kabisa. Nikainuka nivihesabu, chumba kikazunguka. Nilitoka kwa kutambaa. Vifaranga vilipotea 143, na mimi nilitapika hadi jua linachomoza. Siku hizi bruda, yaani banda la kulelea vifaranga, ina tundu juu la kutolea hewa, na mimi silali humo.

Muuguzi:
Mkuu, mwili wa ndege ni mdogo na unavuta hewa haraka, ndiyo maana walikutangulia. Gesi hii haina rangi wala harufu, na inang'ang'ania damu kuliko oksijeni zaidi ya mara 200. Mkaa uliokolea bila moshi ndio watu wanaouamini, na ndio unaoitoa. Mkiona nyumba nzima inaumwa kichwa na kichefuchefu, hakuna mwenye homa, na mkitoka nje mnapata nafuu, msirudi ndani. Tokeni wote, hesabuni watoto, pigeni 114 Zimamoto, kisha hospitali. Na mwambieni daktari kwamba mlikuwa na jiko ndani. Msiposema, mtapimwa malaria.

Mama Maandazi, Area C:
Mimi cha moshi kilikuwa karibu na jiko. Kila nikikaanga, pii-pii-pii. Mume wangu akatoa betri, kikakaa miezi bubu. Siku waya wa friji ulipoungua sebuleni, tuliamshwa na harufu ya plastiki, siyo na alamu. Sasa tumekihamishia koridoo, mbele ya vyumba vya kulala. Na jamani, vumbi letu la Agosti! Likiingia ndani kinalia ovyo. Nakipangusa kwa brashi laini, na kila mwanzo wa mwezi nabonyeza kitufe cha kujaribu, watoto wote wasikie.

Mgeni Chang'ombe:
Nikiacha dirisha wazi kidogo, jiko linaweza kukaa ndani?

Mkwe wa Kondoa:
Hapana ndugu yangu, nakusihi. La kwetu lilikuwa wazi kiasi cha kiganja. Mama yupo Kondoa, mzima, wiki ijayo anakuja tena. Tumemnunulia blanketi la pili, na usiku tunamjazia maji ya moto kwenye chupa anaikumbatia. Jiko linabaki uani.